Mpinzani Wangu wa Mahakamani

Kesi iliyokula miaka sita ya ujana wake iliishia kwa sentensi chache tu. Jaji alizisoma bila kuinua macho, kwa sauti ya mtu aliyelemewa na joto la mwezi wa tano, kisha akavuta jalada jingine kana kwamba hakuna kilichotokea. Pangaboi lilikuwa likizunguka juu kwa uvivu, likirudisha chini hewa ile ile ya moto.

Sunanda Ramteke alibaki ameketi kwenye benchi la nyuma, mkoba mapajani, akingoja furaha ije. Haikuja.

"Umeshinda!" Bi Thombre, wakili wake, alimwinamia huku akijipangusa jasho la shingo. "We Sunanda, hebu cheka basi. Mbona kama umefiwa?"

"Nimesikia vizuri, dada? Kazi ni yangu?"

"Ni yako mpaka ustaafu. Ombi la Gajbhiye limetupwa. Nafasi ilitengwa kwa mwanamke wa tabaka lenu, na serikali ilikuwa na haki kuitenga hivyo. Kwisha maneno. Nenda kampe mama yako kitu kitamu."

Sunanda aliitikia kwa kichwa. Macho yake yalikuwa yameshakwenda upande wa pili wa ukumbi, mahali yalipozoea kwenda kila tarehe ya kesi. Yashpal Gajbhiye alikuwa amesimama karibu na dirisha, shati lake jeupe limemganda mgongoni. Alikuwa akimsikiliza wakili wake, lakini hakuwa akisikia. Naye aligeuka. Walitazamana juu ya vichwa vya watu, kwa kitambo kidogo tu, na katika kitambo hicho Sunanda aliona uso wa mtu anayejaribu kumfurahia mwenzake huku nyumba yake inaungua. Yashpal alijaribu kutabasamu. Mdomo ukakataa. Akatoka nje bila kuaga.

Mambo yao hayakuwa na mfano katika mji wa Nagpur. Ilikuwa nafasi moja tu ya mpimaji wa mbegu katika maabara ya serikali, nafasi iliyotengwa kwa watu wa tabaka lao, wale ambao babu zao walifukuzwa visimani. Na ndani ya tabaka hilo, ikatengwa tena kwa mwanamke. Sunanda akaajiriwa. Yashpal alikuwa amempita kwa alama, na alisema kwamba nafasi ikiwa moja tu haiwezi kuwafungia wanaume wote nje. Akaenda mahakamani. Hakumjua Sunanda kwa sura wakati huo. Alimjua kwa jina tu, kama mtu anavyomjua mwizi wake. Sunanda naye, barua yake ya ajira ikiwa imeandikwa "kwa kutegemea uamuzi wa mahakama", alikalia kiti cha kazi miaka yote hiyo kama abiria anayeshuka kituo kinachofuata. Kupandishwa cheo hapandishwi, kuthibitishwa hathibitishwi. Asubuhi akiingia alijiuliza kama jioni atatoka na kazi.

Mwaka wa kwanza hawakusalimiana. Mwaka wa pili, siku moja ya masika, mawakili wote wawili hawakutokea, kesi ikaahirishwa, na mvua ikawafungia kwenye varanda ya mahakama, kila mmoja kwenye nguzo yake. Mwisho Yashpal aliuliza, akiitazama mvua badala ya kumtazama yeye:

"Samahani. Pamba ya mwaka huu inaota vizuri?"

Sunanda alitaka kumwambia haimhusu. Lakini sauti ile haikuwa ya shari. Ilikuwa sauti ya njaa. Basi alimweleza: jinsi wanavyozipanga mbegu kwenye karatasi yenye unyevu, jinsi mbegu ya mbaazi inavyopasuka upande mmoja kama mtoto anayekunjua ngumi, jinsi mbegu mbovu inavyojulikana kwa harufu kabla haijajulikana kwa macho. Alimsimulia kazi ile kama mtu anavyomsimulia mwenye njaa juu ya chakula, na Yashpal alisikiliza akiwa ameegemea nguzo, macho ameyafumba. Tangu siku hiyo kila tarehe alikuwa na swali lake. Mtama vipi? Soya vipi? Na Sunanda, bila kujua, akaanza kuyatunza majibu ya kumpelekea.

Neno mapenzi halikutamkwa. Mahali pale kila neno lilikuwa na karani wa kuliandika, nao walishaingiwa na woga wa maneno. Mpaka baridi iliyopita, kwenye kibanda cha chai nyuma ya mahakama, Yashpal aliposema huku akiizungusha glasi vidoleni, "Nikishinda nitakuja kwenu kukuposa. Nikishindwa, sitakuwa na uso wa kuja."

"Kwa hiyo mimi nikishinda nimepoteza?" Sunanda aliuliza.

Yashpal alicheka. Sunanda hakucheka.

Na sasa alikuwa ameshinda.

* * *

Alipofika nyumbani, mtaa wa Indora ulishapata habari. Mama yake, Yamunabai, alikuwa amesimama mlangoni na sahani ya peremende za maziwa, akimlisha kila anayepita. Mikono yake ilikuwa imekomaa na kuingia weusi usiotoka. Kwa miaka ishirini na zaidi mikono hiyo ilisokota sigara za majani ili mtoto asome.

"Jai Bhim, mama Sunanda! Hongera!" majirani walimsalimu kwa salamu ya watu wa tabaka lao.

"Jai Bhim, karibuni. Kuleni, kuleni. Binti yangu sasa ni mtu wa serikali kweli kweli. Si kwa muda, si kwa majaribio."

Alipomwona Sunanda aliiweka sahani chini, akamkumbatia, akalia kwa sauti mpaka mbwa wa jirani akaanza kubweka. Sunanda alijiachia kifuani mwa mama yake. Alikuwa amechoka kiasi kwamba angeweza kulala akiwa amesimama pale pale.

Ndani, mama alimmiminia maji ya embe bichi yaliyotiwa sukari ya miwa na jira. Kipoza hewa cha maji kilikuwa kikinguruma dirishani. Sunanda alikunywa glasi nzima kwa mkupuo mmoja.

"Sasa sikiliza," mama alianza, na Sunanda akajua linalokuja. "Yule mtu wa Wardha nimeshampigia."

"Mama, hata jua halijatua."

"Jua litatua, wewe utazeeka. Umri huo si wa kungoja. Ni karani wa benki, mtulivu, mke alimfia, hana mtoto. Tulikuwa tunasema ngoja kesi iishe. Kesi imeisha. Nini tena?"

Sunanda aliiweka glasi mezani polepole. Mwaka mzima alikuwa akiliahirisha jambo hili, kama majaji walivyoahirisha la kwake. Akaona hana tena nguvu ya kuahirisha.

"Mama, kuna mtu."

Yamunabai alikaa kitako kitandani. Uso ulimchangamka, kisha ukaingia mashaka. "Mtu gani? Wa kazini?"

"Si wa kazini."

"Wa kwetu au wa watu wengine?"

"Wa kwetu. Tabaka letu, dini yetu. Anakaa ng'ambo ya reli." Alimtazama mama yake usoni. "Ni Yashpal Gajbhiye."

Mwanzoni mama hakuelewa. Halafu Sunanda akaona jina lile likimwingia taratibu, kama dawa ya sindano.

"Gajbhiye yupi?"

"Mama, unamjua."

"Nataka nisikie mdomoni mwako. Gajbhiye yupi?"

"Aliyenishtaki."

Yamunabai alisimama, akaketi, akasimama tena. "Mtu aliyekuburuta mahakamani miaka sita! Mtu aliyeninyima usingizi! Kila tarehe nilikuwa nafunga, nawasha mshumaa mbele ya Buddha, namwomba aufunge ulimi wa wakili wake. Kumbe wewe uko huko unamchekea?"

"Sikumchekea. Tulikuwa tunaongea."

"Mnaongea nini? Mnaongea nini na mtu anayetaka kukung'oa kwenye kiti?"

"Tunaongea mbegu, mama."

"Mbegu!" Mama alipiga makofi mara moja, kwa hasira. "Amekuroga. Anajua kesi inamshinda, akaona aingilie mlango wa nyuma. Kazi ameikosa, sasa anataka mwenye kazi. Miaka arobaini na kitu, hana ajira, anafundisha tuisheni kwenye chumba cha kukodi! Mwanamume wa hivyo akikuoa ameolewa yeye."

"Usimseme hivyo."

"Nitamsema ninavyotaka! Mikono hii ilimsokotea nani tumbaku? Nikuzae, nikusomeshe, nikulinde, halafu nikukabidhi kwa adui yako na sahani ya peremende juu?"

Kila neno la mama lilikuwa na ukweli wake, kama kila neno la mawakili wa pande zote mbili. Alikuwa amechoka na watu wenye ukweli wao. Aliinuka, akachukua kitambaa chake cha kukinga kichwa na jua.

"Unakwenda wapi?"

"Ng'ambo ya reli."

"Sunanda! Ukivuka reli ile leo..."

Mama hakuimalizia sentensi. Sunanda alisubiri mlangoni aimalizie. Alipoona kimya, akatoka.

* * *

Nyumba ya akina Gajbhiye ilikuwa ya matofali yasiyopigwa lipu, mlango wa bluu, na picha ya Babasaheb, mkombozi wa tabaka lao, ndani ya fremu ukutani, inayoonekana tangu barabarani. Nje, kwenye kitanda cha kamba, alikuwa ameketi Mzee Dashrath, babake Yashpal, mfumaji wa kiwanda cha nguo kilichofungwa zamani. Sikio lake moja lilikufa kwa kelele za mashine. Jicho lake halikuwa limekufa. Alimtambua Sunanda toka mbali.

"Jai Bhim, baba," Sunanda alisalimu.

Mzee alimwangalia kuanzia ndala mpaka kitambaa cha kichwani. "Umekula kazi ya mwanangu," akasema. "Sasa umekuja kumla na mwenyewe?"

Yaani anajua. Sunanda alikuwa ametembea kutoka Indora mpaka pale, lami ikiwa laini kama ugali chini ya ndala.

"Nimekuja kuonana na Yashpal, baba. Lakini kwanza naomba maji."

Mzee Dashrath alikunja uso. Akatazama pembeni, akatazama tena. Mwisho akajikokota, akaingia ndani, akarudi na chombo cha shaba na glasi ya stili. Akammiminia mwenyewe.

"Kunywa. Baba yangu alinyimwa maji kwenye kisima cha watu, akiwa na homa. Mlangoni kwangu hanyimwi mtu maji. Hata wewe."

"Asante, baba."

"Na usiniite baba. Maji ni maji tu."

Sunanda alikunywa. Mzee akajaza tena bila kuombwa.

"Kwenye ile kesi," mzee akasema, sauti imeshuka, "mimi ndiye niliyemwambia aende. Yeye alitaka kuacha. Nikamwambia, umempita kwa alama, haki ni yako, nenda. Nilifikiri miezi sita. Sasa umri wa kuomba kazi ya serikali umempita. Kama ni kosa, ni langu. Lakini bado nasema haki ni yake. Nimeshaongea na wakili, tunakwenda Delhi. Rufaa."

"Yeye anasemaje?"

"Muulize. Yuko uani."

* * *

Yashpal alikuwa amekaa kwenye ngazi ya uani, amezungukwa na daftari za wanafunzi, kalamu nyekundu mkononi. Hakuwa amesahihisha hata moja. Alipomwona, aliinuka upesi, na daftari zikaporomoka.

"Umekujaje huku?"

"Kwa miguu."

"Na jua hili?"

"Jua lilianza leo?"

Walisimama wakitazamana. Ilikuwa mara ya kwanza Sunanda kumwona akiwa nyumbani, kwa fulana na nywele zisizochanwa, mvi zikiwa nyingi kuliko zilivyoonekana mahakamani. Alitamani kunyoosha mkono aziguse. Hakunyoosha.

"Hongera, Sunanda," Yashpal alisema.

"Usinipe hongera kama karani anayegonga mhuri."

"Unataka niseme nini? Nimefurahi. Naapa nimefurahi. Na nimeumia mpaka nahisi kutapika. Vyote viwili viko humu ndani vinagombana, mimi nimekaa pembeni nimechoka." Alishusha pumzi. "Kaa. Ngazi ina joto, kalia gazeti hili."

Alikaa. Yashpal alikaa ngazi ya chini yake, kama walivyokuwa wakikaa kwenye varanda ile, pakibaki nafasi ya mtu mmoja katikati.

"Utakata rufaa?" Sunanda aliuliza.

"Baba anataka."

"Nimekuuliza wewe."

Jirani mmoja alikuwa akitwanga pilipili. Walimsikiliza mpaka akanyamaza.

"Ndiyo," alisema mwisho. "Nitakata. Nikikudanganya leo, itabidi nikudanganye kila siku. Naamini ile kazi ni yangu. Nilikupita kwa alama."

"Nazijua alama zako. Nimesomewa kila tarehe."

"Basi unajua."

"Na mimi naamini ni yangu. Miaka yote wanaume wa tabaka letu walipata hizo nafasi, mama zetu wakisokota tumbaku. Wakaitenga moja. Moja tu, Yashpal! Nikaipata kwa haki. Sitakuomba msamaha kwa hilo."

"Sijakwambia uombe."

"Macho yako yaliniomba leo asubuhi."

Yashpal aliinamisha kichwa. Sunanda alijuta papo hapo, lakini neno lilikuwa limeshatoka, na alikuwa amechoka mno kulifuata kulirudisha.

"Ndiyo maana nikaondoka," Yashpal alisema taratibu. "Nimefikiri mchana kutwa. Delhi kesi itakaa miaka. Labda kumi. Wewe huwezi kungoja hiyo miaka, na mimi sina haki ya kukwambia ungoje. Mama yako atakuwa na mtu amemtafuta."

"Anaye. Karani wa benki, Wardha."

Kalamu nyekundu ilimponyoka. Aliiokota. "Mtu mzuri?"

"Wanasema mtulivu."

"Basi..." Aliifunika kalamu. "Basi mkubali, Sunanda. Mimi niliposema nikishindwa sitakuwa na uso, sikuwa natania. Nitakuja kwenu nimebeba nini? Watu waseme Gajbhiye alishindwa kuipata kazi, akamwoa mwenye kazi? Niamke kila asubuhi nikuone unavaa kwenda kukaa pale? Mimi si mtu mbaya, lakini si mtakatifu. Siku moja nitakuchukia kwa ajili ya kikombe cha chai tu. Mwache mtu wa Wardha akupokee na moyo safi."

Sunanda aligeuka akamkabili. Kwa miaka sita hakuwahi kupaza sauti. Mahakamani walipaza wengine kwa niaba yake.

"Nani amekwambia nimekuja kuaga?" alisema kwa nguvu. "Nani amekwambia nitangoja miaka kumi? Sitangoja hata mmoja! Nimengoja mpaka nywele zangu zimesahau maua. Nimengoja jaji, nimengoja karani, nimengoja wakili aliye harusini, nimengoja mgomo uishe. Leo nimeambiwa nimeshinda, na mtu wa kwanza niliyetaka kumwambia ni wewe. Unaelewa ubaya wa jambo hilo? Nilitaka kukimbia nikwambie wewe, Yashpal, tumeshinda!"

Machozi yalimtoka. Hakuyafuta.

"Kata rufaa," aliendelea, sauti imeanza kupasuka. "Kata, ni haki yako. Sitakuzuia, na sitaki uache kwa ajili yangu, maana ukiacha utanidai maisha yote. Lakini nioe kwanza. Nioe, halafu nishtaki."

Yashpal alimtazama kama mtu aliyesikia lugha anayoijua ikisemwa kwa namna asiyoijua.

"Nikushtaki ukiwa mke wangu?"

"Umekuwa ukinishtaki nikiwa mpenzi wako. Kuna tofauti gani?"

"Tutakwendaje mahakamani?"

"Treni moja. Tutapeleka mikate ya mtama na unga wa dengu uliokaangwa, tutakula pamoja mpaka Delhi, tukifika utakaa upande wako nami upande wangu. Tukitoka, tunarudi nyumbani."

"Na nikishinda? Nitakuwa nimekutoa kwenye kiti, Sunanda. Wewe, mke wangu."

"Nitalia. Nitakununia mwezi mzima, labda na zaidi. Halafu utanilisha." Alivuta kamasi. "Na usiposhinda utanuna wewe, nami nitakulisha. Na ukinichukia kwa ajili ya kikombe cha chai, niambie siku hiyo hiyo, tugombane, tulale. Karani wa Wardha ana moyo safi kwa sababu hanijui. Mimi nataka wa kwako, hivyo hivyo ulivyo mchafu."

Kikohozi kilisikika mlangoni. Mzee Dashrath alikuwa amesimama pale, sikio lake zima limeelekezwa uani, na haikujulikana tangu saa ngapi.

"Maana yake," mzee alisema akijikuna kidevu, "ashinde yeye, ushinde wewe, kazi inabaki nyumba hii."

"Sikuja kwa hesabu hiyo, baba," Sunanda akamgeukia kwa ukali.

"Najua. Mwenye hesabu hamwiti mtu mchafu." Mzee alikohoa tena, safari hii kikohozi kilifanana na kicheko kilichochakaa. "Mwanangu, mimi nilikupeleka kwenye kesi, ukanisikia. Kwenye hili usinisikilize. Sina akili ya mambo haya. Mama yako angekuwa hai angekwambia." Akarudi ndani, akiburuta ndala.

Yashpal alibaki anazitazama daftari zilizoporomoka. Kisha, bila kusema neno, alihama. Alipanda ngazi moja, akaketi kwenye ile nafasi ya mtu mmoja iliyokuwa katikati yao, na kwa mara ya kwanza tangu wajuane aliushika mkono wake. Kiganja chake kilikuwa na wino mwekundu.

"Nimechoka sana, Sunanda," alisema.

"Mimi pia."

"Sijui kama nitaweza."

"Sijui kama nitaweza mimi."

Walikaa hivyo mpaka kivuli cha ukuta kikawafikia miguuni. Halafu Yashpal aliinuka, akavaa shati, akachana nywele kwa maji.

"Twende kwa mama yako," akasema. "Nikikaa mpaka kesho nitaogopa."

* * *

Walivuka reli pamoja, mchana kweupe, mtaa mzima ukitazama. Wanawake waliokuwa wakichota maji bombani walinyamaza walipopita. Mmoja akanong'ona, "Si ndiye yule wa kesi?" Mwingine akajibu, "Ndiye. Na wanaongozana!" Yashpal alitembea akitazama mbele kama mtu anayepelekwa kizimbani. Sunanda hakuuachia mkono wake.

Mlango wa nyumbani ulikuwa wazi. Yamunabai alikuwa ameketi sakafuni, mgongo ameupa mlango, akiwaondoa sisimizi kwenye zile peremende zilizobaki, mmoja mmoja. Alisikia nyayo. Alijua ni nyayo za watu wawili. Hakugeuka.

"Mama," Sunanda aliita.

Yamunabai alimtoa sisimizi mwingine.

"Jai Bhim," Yashpal alisema kutoka kizingitini, viatu vyake mkononi. "Nimekuja kuomba radhi kwa usingizi niliokunyima. Na bado nitakata rufaa. Sitaki ulisikie kwa mtu mwingine. Na nimekuja kumposa Sunanda. Ukinifukuza nitakwenda. Kesho nitarudi."

Bega la mama lilipanda, likashuka. Sunanda alimwona akiipangusa mikono yake myeusi kwenye sari, taratibu, kidole kimoja kimoja. Alimfahamu mama yake. Angeweza kuirusha sahani ile ukutani.

"Amekula?" Yamunabai aliuliza, bado amegeukia ukuta.

"Nani, mama?"

"Huyo. Tangu asubuhi, amekula?"

Sunanda alimtazama Yashpal. Yashpal akatikisa kichwa.

"Hajala."

Yamunabai aliisukuma sahani nyuma yake sakafuni, mpaka ikafika karibu na kizingiti, bila kuwaonyesha uso.

"Aingie," alisema, na sauti ilikuwa imelowa. "Lakini asiniite mama. Si leo."